Ndiyo Yako Inabakiza Nini? Wasomaji Wauliza Kuhusu Kura za California

Swali: Ndugu wahariri, nimepata uraia na Novemba hii nitapiga kura California kwa mara ya kwanza. Chini ya majina ya wagombea huwa kuna maswali ya Ndiyo na Hapana. Jirani anasema ukiipinga sheria piga Hapana; shemeji yangu anasema huwa ni kinyume chake. Nimsikilize nani?

Jibu: Msikilize jirani, lakini elewa kwa nini shemeji amechanganyikiwa. Kila swali la namna hiyo huitwa "pendekezo", na jina hilo limebeba mambo matatu. Kuna sheria au marekebisho ya katiba yanayoletwa na wananchi kwa kukusanya saini, haki waliyoipata mwaka 1911 enzi za Gavana Hiram Johnson. Kuna yale yanayoletwa na Bunge la jimbo kwa kuwa haliwezi kuyamaliza peke yake, kama kubadili katiba. Kwa haya mawili, Ndiyo huleta jambo jipya na Hapana huacha mambo yalivyo.

La tatu ndilo lililowatega watu. Bunge limepitisha sheria, gavana ameitia saini, kisha wanaoipinga wanapewa siku 90 kukusanya saini ili wananchi waamue. Kwa kuwa wapinzani ndio waliolileta suala kwenye karatasi, mtu alidhani Ndiyo ni kuwaunga mkono. Sivyo kabisa! Unaulizwa kama sheria ibaki: zamani Ndiyo iliibakiza, Hapana iliifuta; tangu sheria ya 2023, majibu ya kura za aina hii ni kuibakiza sheria au kuifuta. Mwaka 2020, Pendekezo 25 lilihusu sheria ya 2018 iliyotaka kuondoa dhamana ya fedha kwa mahabusu. Hapana ikashinda, sheria ikafa, dhamana ya fedha ikaendelea. Mwaka 2022, Pendekezo 31 lilihusu katazo la kuuza bidhaa nyingi za tumbaku zenye ladha. Ndiyo ikashinda, na katazo likaanza kazi.

Kabla ya kuweka alama, fungua kijitabu cha wapiga kura kinachotolewa na jimbo, utafute sehemu inayoeleza Ndiyo maana yake nini na Hapana maana yake nini. Kisha soma makadirio ya gharama ya Mchambuzi wa Bunge. Hoja za kuunga mkono na kupinga zisome mwisho, maana huandikwa na wanakampeni wenyewe na hakuna ofisi inayozihakiki.

Swali: Kijana mmoja mlangoni pa duka aliniomba saini. Je, kusaini ni sawa na kupiga kura?

Jibu: Hapana. Saini yako inasaidia tu suala lifike kwenye karatasi ya kura, na siku yenyewe unaweza kulipinga. Sheria ya kawaida huhitaji saini sawa na asilimia 5 ya kura zilizopigwa kumchagua gavana mara ya mwisho, na marekebisho ya katiba asilimia 8. Kwa hesabu ya uchaguzi wa 2022 hizo ni saini 546,651 na 874,641, nazo zikusanywe ndani ya siku 180. Wakusanyaji wengi hulipwa, kwa hiyo usitegemee maelezo ya mdomo. Dai usome kichwa na muhtasari wa Mwanasheria Mkuu vilivyochapwa juu ya fomu.

Saini nyingi huharibika kwa sababu ya anwani. Andika mwenyewe, kwa mkono wako, anwani ile ile uliyojiandikishia. Ukihama bila kubadilisha usajili, saini yako haitahesabiwa. Ukijuta, iandikie ofisi ya uchaguzi ya kaunti uiondoe kabla fomu hazijawasilishwa.

Swali: Nikikosea kwenye karatasi niliyotumiwa nyumbani?

Jibu: Usifute wala usitume. Iombe kaunti karatasi nyingine. Swali usilolielewa unaweza kuliacha wazi, na mengine yote yatahesabiwa.

Hatari kubwa iko kwenye bahasha. Saini ya nje hulinganishwa na ile iliyoko kwenye usajili wako. Ukisahau kusaini, au saini zisipolingana, kura husimamishwa. Kaunti itakujulisha urekebishe, basi jibu haraka. Na kama umebakiwa na siku ya mwisho, achana na posta: mhuri unaweza kugongwa kesho yake. Itumbukize kwenye sanduku rasmi la kura kabla ya saa 2 usiku, vituo vinapofungwa.

Ukihitaji msaada wa kusoma au lugha, unaweza kuingia kituoni na watu hadi wawili, ila asiwe mwajiri wako wala mwakilishi wa chama chako cha wafanyakazi.

Swali: Mapendekezo mawili yanayopingana yakipita yote?

Jibu: Pale yanapogongana, lenye kura nyingi zaidi za Ndiyo ndilo linalotawala. Kwa hiyo ukipenda moja tu, usilipe la pili Ndiyo ya huruma. Kumbuka pia kwamba sheria iliyoletwa na wananchi Bunge haliwezi kuigusa bila kuirudisha kwao, isipokuwa yenyewe iruhusu. Nayo katiba haibadilishwi bila wao. Ndiyo maana Pendekezo 13 la 1978, marekebisho ya katiba lililoweka ukomo wa kodi ya majengo kwenye asilimia 1 ya thamani iliyokadiriwa, na ongezeko la thamani hiyo lisizidi asilimia 2 kwa mwaka hadi jengo liuzwe, bado linaongoza bili za wenye nyumba huko.