Dairekta anataka muziki mwanzo mwisho, nifanyeje?

SUALI: Assalaam alaykum. Mie napiga ganuni (kile chombo cha nyuzi cha taarabu) na kinanda kidogo. Jamaa zangu wametengeneza filamu fupi ya dakika 15, mvuvi kachelewa kurudi na mamake anamsubiri pwani, wanataka niwatilie muziki. Dairekta anataka muziki tangu inaanza mpaka majina yanapita, tena kaweka muziki wa filamu moja ya Marekani ati nifanye kama ule. Naanzia wapi?
Mpiga Ganuni, Wete

JAWABU: Waalaykum salaam mdogo wangu. Ganuni iache kwanza. Kaeni wewe na dairekta muitazame filamu, na kila mnaposimama usimuulize anataka chombo gani, muulize yule mama hapo anajua nini, kashakata tamaa au bado, mtazamaji kashajua kuliko yeye? Akikujibu ndo unaandika dakika na sekunde, muziki uingie hapa utoke pale. Kwa filamu hiyo mie sioni kama utavuka dakika 5.

Mama kakaa pwani, mawimbi yapo, upepo upo, wewe ukimimina ganuni juu yake unamwambia mtazamaji lia sasa, na mtu akishaona analazimishwa halii ng'o (filamu zetu nyingi zinafia hapo, kinanda kinalia kuliko waigizaji). Halafu ganuni inakaa palepale inapokaa sauti ya mtu anayesema, ukiipiga chini ya mazungumzo maneno yanapotea, hapo bora fidla ivute nota moja ndefu ya chini, au usitie kitu.

Lakini usibishane nae kwa mdomo. Dairekta Hitchcock kwenye filamu yake ya Psycho ya 1960 alisema ile sehemu ya mauaji bafuni isiwe na muziki, mtunzi wake wa muziki Bernard Herrmann akautunga tu juu ya hivyo, vyombo vya nyuzi vitupu, akamsikilizisha na Hitchcock akageuza mawazo. Hapo muziki ndo ulioshinda, na kwenu pia huenda dairekta ana haki pahala fulani, kwa hivyo tengeneza mbili, yenye muziki na isokuwa nao, muziangalie pamoja.

Ule wa Marekani usiuige, utaingia kwenye mambo ya hakimiliki bure. Muulize tu anapenda nini mle, mwendo, au ule uzito wa chini?

Na ukipiga maqamu ya rasti (maqamu ndo ngazi za nota za Kiarabu) usiilazie kodi za kinanda, yaani nota kadhaa kwa pamoja, nota ya tatu ya rasti imekaa katikati ya ile ya meja na ile ya maina, ngazi za Kizungu, na kinanda cha kawaida hakina nota hiyo, itasikika kama mmoja wenu kakosea. Maqamu ya hijazi inavumilia zaidi.

Mwisho, usipime chochote mpaka edita aseme picha haiguswi tena, na muulize ni fremu (picha mojamoja) 24 au 25 kwa sekunde. Picha zilezile za dakika 15 zikienda kwa 25 badala ya 24 zinakwisha sekunde 36 mapema, wewe muziki wako bado unamlilia mvuvi na majina yashapita.