Tiramisu yenye amaretto na tatizo la maji

SWALI: Kila ninapotia amaretto katika krimu ya tiramisu (kitindamlo cha Italia cha tabaka za krimu na biskuti zilizochovywa katika kahawa), krimu hulegea, na kesho yake maji hutuama chini ya bakuli. Likeri hiyo (kileo kitamu) hutiwa wapi, na kwa kiasi gani?

JIBU: Amaretto, likeri ya Italia yenye ladha ya lozi, hutiwa katika kahawa, wala si katika krimu, kwa kuwa mascarpone, jibini laini ya Italia inayotengenezea krimu hiyo, hulegea upesi inapoongezewa kimiminika. Andaa mililita 250 za kahawa nzito isiyo na maziwa, uiache ipoe kabisa, kisha utie vijiko 3 vya chakula vya amaretto. Kahawa ikiwa ingali moto, harufu ya likeri hupotea na biskuti hulowa kupita kiasi. Chovya biskuti za savoiardi (biskuti ndefu, nyepesi na kavu za Italia) kwa sekunde moja tu kila upande. Zikibaki kavu kidogo katikati usihofu, kwani zitalainika zikiwa ndani ya jokofu kwa muda wa saa 6 au zaidi.

Kwa gramu 250 za mascarpone, piga viini 3 vya mayai na gramu 75 za sukari juu ya mvuke hadi viwe vizito, uviache vipoe, ndipo uchanganye mascarpone polepole kwa mwiko, kwa sababu mashine huifanya ikatike na kutengana haraka. Kakao hunyunyizwa karibu na wakati wa kuandaa mezani. Asiyetumia kileo hapungukiwi na kitu: mapishi ya asili ya mkahawa wa Le Beccherie, mjini Treviso, Italia, unaotajwa kuwa chimbuko la tiramisu, hayana pombe.