Barua kwa mwanangu: ukitungia filamu umejishusha?

Neema mwanangu,

Shikamoo yako imefika, marahaba, huku hatujambo. Meseji yako ndefu nimeisoma mama yako kashalala. Unauliza kama ukikubali kutunga muziki wa hiyo tamthilia utakuwa umekiuza kipaji, maana mwalimu wako wa kwaya anasema mtunzi wa maana hagusi mambo ya tv, na wenzio wanakucheka. Mi sio mwanamuziki unajua, mi mtu wa migodi niliyesomea Poland, ila zile kanda nilizorudi nazo ndo umekulia, so ngoja nikukumbushe mmoja wa mle, mtunzi wa Poland, Wojciech Kilar.

Alizaliwa 1932 Lwów, enzi hizo ni Poland, leo ni Lviv ya Ukraine. Baba daktari, mama mwigizaji. Vita ikawahamisha, mwisho akatua Katowice, mji wa makaa ya mawe, akasoma muziki hapo na hakuuhama tena mpaka anafariki Desemba 2013. 1959 akaenda Paris kusoma utunzi kwa mwalimu Nadia Boulanger, aliporudi akawa na kina Penderecki na Górecki, watunzi vijana watundu wa muziki mpya, sikiliza kazi yake Riff 62 uone vurugu zake. Yaani huyo ndo mtunzi wa maana kabisa kwa hesabu za mwalimu wako. Na miaka hiyohiyo alikuwa anatungia filamu, tena sio moja mbili, mpaka anaondoka zimepita 100, humo zimo karibu filamu zote za mwongozaji Zanussi, na za mwenzie Wajda kibao.

Sasa 1974 akaleta Krzesany kwenye tamasha la muziki mpya Warsaw. Hiyo ni ngoma ya wenyeji wa milima ya Tatra, kaichukua kaiweka kwenye okestra nzima, melodi wazi, kuna waliofurahi na kuna waliosema huyu kauasi muziki mpya. Mi naona (maoni yangu hayo) filamu ndo zilimfungua, kwasababu kwenye filamu huna muda wa kuringa, una dakika mbili na mtu lazima ahisi kitu. Sikiliza Orawa ya 1986, ala za nyuzi peke yake, kidude kidogo kinarudiwa rudiwa kinapanda kinapanda wewe unashindwa kukaa, halafu mwishoni wapigaji wenyewe wanapiga kelele "Hej!" na imekwisha. Halafu kasikilize filamu ya Dracula ya Coppola ya 1992, besi kule chini inarudia kitu kilekile mpaka nywele zinasimama. Ni mkono uleule! Pale alikuwa na miaka 60, ndo Hollywood inamjua, na yeye yuko zake Katowice.

Ila ninayoipenda zaidi ni The Pianist ya Polanski, 2002. Filamu ya mpiga piano, mtunzi mwingine angejaza muziki wake kila kona ajulikane. Kilar kaandika kidogo sana, kaklarineti kanalia wakati Wayahudi wanahamishiwa geto, yaani mtaa wa kuwafungia, kwingine kamwachia Chopin, mtunzi wa piano wa zamani wa Poland, aongee. Na Wafaransa wakampa tuzo yao ya filamu, César, kwa hicho kidogo. Kujua wapi unyamaze nako ni utunzi, na hiyo kwenye kwaya hamfundishwi, mnaimba mpaka pumzi ziishe.

Na kingine, ile polonezi, ngoma ya Poland ya kutembea, aliyoitunga kwa filamu ya Pan Tadeusz ya Wajda, 1999. Nenda youtube utafute studniówka, ni sherehe ya wanafunzi wa Poland siku kama 100 kabla ya mtihani wa mwisho wa sekondari, wasichana magauni marefu, wavulana suti zinazowapwaya, wanatembea wawili wawili kwa muziki huo. Muziki wa filamu huo mama, na wengi wao filamu yenyewe sidhani kama wameimaliza.

Kwahiyo mi nasema ikubali hiyo kazi, na misa yako ya Pasaka usiiache, Kilar naye aliandika misa, Missa pro pace, 2000, huku filamu zinaendelea. Ila usisaini chochote kabla hujanitumia mkataba niusome, hasa pale wanapoandika muziki ni wa nani baada ya tamthilia kuisha, na waambie wakupe nusu ya hela kabla hujagusa kinanda.

Baba yako