Swali la lugha: haki kapata, insafu hakupata?

Msomaji wetu wa Wete, Pemba, dada mmoja, kauliza hivi: baba yao kafariki kaacha mikarafuu 30, warithi wawili tu, yeye na kaka yake, kaka kachukua 20 yeye kapewa 10, akasema "haki yangu nimepata lakini insafu sikupata", kaka akamcheka, ati hicho si Kiswahili, haki na insafu kitu kimoja. Nani mkweli?

Dada. Tena kasema Kiswahili kizuri mno.

Haki ni kile unachostahiki, ndo maana twasema kudai haki, kula haki ya mtu, mnyonge mnyongeni haki yake mpeni. Na si lazima iwe sawa. Kwenye mirathi ya Kiislamu fungu la mtoto wa kiume ni mara mbili ya la mwanamke, kwa hiyo 20 kwa 10 kadhi hana la kusema hapo. (Yale mabango ya "haki sawa kwa wote" nayo yasomeni vizuri, ingekuwa haki peke yake yabeba usawa hilo "sawa" lingetafuta nini pale?)

Insafu sasa ni namna unavyomtendea mwenzio unapogawa. Limetoka Kiarabu, ukoo mmoja na hii nusu yetu. Na dada kaeleza mwenyewe kuwa kaka ndo aliyechagua, kachukua ile ya karibu na barabara inayozaa, yeye kaachiwa mikongwe ya bondeni ambayo hata wachumaji hawaitaki maana wao walipwa kwa pishi (kipimo cha karafuu walizochuma), nani apande mti mrefu vile kwa pishi mbili? Hesabu imetimia, insafu hamna.

Ila pagumu wallahi, hata mwenye nia safi angegawaje? Mkarafuu mwaka huu wajaa, mwakani hautoi kitu, uhesabu miti umekosea, uhesabu pishi umekosea vilevile. Mie ningemwambia kaka apange mafungu matatu, dada achague lake mwanzo, yeye abaki na mawili.

Na msichanganye insafu na uadilifu, huo ni sifa ya mtu, kaka aweza kuwa muadilifu au asiwe, miti haihusiki.

Kwa hiyo dada ukimwandikia sheha (kiongozi wa mtaa) andika "hakunifanyia insafu", usiandike "kanilia haki yangu", maana sheha atakwenda kuhesabu miti, atakuta 10, na kesi imekwisha.