Barua kwa Mwanangu: Kiti cha Baba

Mwanangu,

Juzi kwenye simu uliniuliza: ukimtia baba yako kwenye kipindi cha vichekesho mnachoandika, tutaudhika? Sikukujibu kwa sababu alikuwa kakaa ubavuni mwangu, sikio limesimama.

Kile kitabu cha Norman Lear, yule mwandishi wa vichekesho vya televisheni wa Marekani, ulichoniachia nimekimaliza. Mwenzio alimtia baba yake mzima mzima! Mzee alikuwa na kiti chake cha ngozi nyekundu, na mkewe akizidisha maneno humwamuru azibe mdomo. Mwaka 1931 akakamatwa kwa utapeli, mtoto ana miaka 9. Mama akauza vyombo vya nyumba, na kiti kikaenda.

Miaka 40 baadaye, Januari 1971, Wamarekani wanawasha televisheni wamwone Archie Bunker, baba wa kipindi cha Lear cha All in the Family, kwenye kiti chake, kisichokaliwa na mwingine, anamkaripia mkewe vilevile. Wazo la kipindi Lear alilitoa Uingereza; baba alimtoa nyumbani.

Stesheni ya ABC walikuwa wamelipia vipindi viwili vya majaribio, vyote wakavikataa. Wenzao wa CBS walikubali kwa woga, wakatanguliza tangazo la kuwatahadharisha watazamaji. Baadaye kikaongoza kwa watazamaji misimu mitano mfululizo. Lakini angalia: Lear alikuwa mwandishi na ndiye mtayarishaji. Wakubwa wa stesheni wakitaka neno litoke, yeye ndiye aliyebishana nao. Archie ni mbaguzi wa kuchukiza, ila Lear hakumnyima huzuni zake. Wewe ndiyo kwanza umeingia chumba cha waandishi. Ukipeleka mswada leo, kesho mkubwa wako ataukata, baba yako abaki makelele matupu. Hapo ndipo ninapoogopa. Watu kumcheka si neno, hata mimi namcheka.

Kwa hiyo chukua redio anayoipiga makofi ikikoroma. Chukua miwani anayoitafuta nyumba nzima na iko utosini. Ule mwaka alioachishwa kazi, akawa anapiga pasi shati kila alfajiri na kuondoka na mkoba, kumbe anakwenda kukaa ufukweni mpaka saa kumi, huo uache kwanza. Utauandika ukishakuwa mtayarishaji.

Jana nimemwambia mwenyewe. Alinyamaza, akaongeza sauti ya redio. Usiku, taa imeshazimwa, akasema huyo atakayemwigiza asiwe mfupi.

Mama yako