Zawadi zifunguliwe mbele ya wageni?

Shangazi, shikamoo. Mwezi uliopita mwanangu alitimiza miaka 7, tukamfanyia sherehe nyumbani. Baada ya kulishana keki, MC akaanza kufungua zawadi na kutaja majina kwenye maiki. Ilipotoka baiskeli, vigelegele. Ikafuata ya mtoto wa jirani: madaftari mawili na kalamu. Kimya. Tangu siku hiyo mama yake ananisalimia kwa mbali. Mama mkwe anasema kufungua zawadi mbele za watu ni uroho. Dada yangu aliyeko Marekani anasema kutofungua ni kumdharau aliyeleta. Nimsikilize nani?
Mama Junior, Tabata

Marahaba, mwanangu. Dada yako hasemi uongo. Huko aliko, watoto wengi hufungua zawadi wageni wakiwapo, wakashukuru moja moja. Kwetu zawadi hupokewa kwa mikono miwili, ikawekwa kando. Nahisi MC wako kazoea kicheni pati, ambako vyombo huonyeshwa makusudi, na mara nyingi akina mama walishapangana nani alete jiko, nani masufuria. Junior haanzi maisha.

Kwa hiyo mkweo kashinda. Mwakani zawadi zikae chumbani, na binamu mmoja aandike nani kaleta nini, maana kadi hubanduka. Mfungue wenyewe wageni wakishaondoka. Kesho yake Junior amtumie kila mtu ujumbe wa sauti, akitaje kitu chenyewe. "Asante kwa zawadi" tupu inaweza kutumwa hata kabla boksi halijafunguliwa. Bahasha ndiyo kabisa, usiichungulie hata ukiwa jikoni.

Ila mtoto aliyeleta aking'ang'ania kuona mwenzake akifungua, waache wakafungue wawili huko chumbani. Bibi aliyesafiri na kifurushi chake naye hivyo hivyo.

Jirani usimwendee kumwomba radhi kwa habari ya madaftari; utakuwa umemwambia kwamba na wewe uliyaona madogo. Mtume Junior kwao na daftari mojawapo, limeshaandikwa jina, akafanye hesabu na mwenzake. Jioni upite kumchukua, ukae kidogo, mzungumze ya maji na umeme. Akiligusia mwenyewe la siku ile, mwambie MC alikukera. Najua alikukera, vinginevyo usingeniandikia.

Na MC wa mwakani mpe ratiba kwenye karatasi: dua, keki, picha, chakula, muziki. Zawadi isiwemo.