Hiari ya nini? Kwa mnaoanza teolojia na falsafa mwaka huu

Wadogo zangu mnaoripoti chuo mwezi huu, mada ya hiari, yaani kama mtu ana uhuru wa kuchagua, mtakutana nayo mapema tu, kwenye historia ya kanisa itakuwepo na kwenye falsafa itakuwepo, sasa niwaambie kitu ambacho mimi nilikilipia kwa maksi. Asaiment yangu ya kwanza niliandika kurasa sita nikiwa najiamini kweli kweli, nikasema Luther, yule wa matengenezo ya kanisa, aliikataa hiari, Erasmus, msomi Mkatoliki wa wakati wake, akaikubali, na Yoshua 24 inasema chagueni hivi leo mtakayemtumikia, kwa hiyo Erasmus kashinda, mechi imeisha. Nikapata 8 kati ya 20. Pembeni ya aya ya kwanza lekchara kaandika kwa kalamu nyekundu maneno matatu tu, hiari ya nini?

Nilinuna wiki nzima, nikaona ananionea. Baadaye ndo nikaenda kuwasoma wenyewe, maana nilichoandika nilikitoa kwenye desa la kaka mmoja wa mwaka wa tatu, na naye sijui alilitoa wapi. Kumbe Erasmus kwenye kitabu chake cha 1524 anaeleza mapema kabisa anazungumzia nini, kwamba hiari kwake ni uwezo wa utashi wa mtu kujielekeza kwenye mambo yanayompeleka kwenye wokovu wa milele, au kuyapa kisogo. Wokovu! Hazungumzii kuchagua wali au ugali. Na Luther alipomjibu 1525 alimbishia hapohapo, tena akamsifu kabisa kwamba wewe angalau umenishika kooni, hukunichosha na habari za upapa na toharani. Mambo yaliyo chini ya mtu kama pesa zake na mali zake, Luther anasema sawa, hapo unaweza kusema mtu ana hiari. Wanaobisha wakasome Ungamo la Augsburg la 1530, tamko la imani la Walutheri, ibara ya 18, imenukuu orodha nzima: kulima shamba, kula na kunywa, kuwa na rafiki, kuvaa, kujenga nyumba, kuoa, kufuga. Yote hayo mtu anaweza kuyataka na kuyafanya. Asichoweza kwa nguvu zake mwenyewe ni kumgeukia Mungu. Kwa hiyo mtu akikwambia Walutheri wanaamini binadamu ni roboti, usianze kubishana, muulize lile swali la kalamu nyekundu.

Halafu kuna hili la lugha yetu. Sisi tuna hiari, utashi, ridhaa, uhuru, na tunayachanganya kama mchele na choroko. Utashi ni ule uwezo wenyewe wa kutaka, Wakatoliki hasa waliopita seminari wanalitumia vizuri hili neno. Hiari imekaa zaidi kwenye kuchagua. Ukimsikia padre kwenye ndoa anawauliza maharusi kama wamekuja bila kulazimishwa, kwa hiari yao, anachotaka kujua ni kama kuna mjomba nyuma kashika fimbo au mahari imeshaliwa na binti hana pa kutokea. Haulizi kama tangu kuumbwa kwa dunia kulikuwa na uwezekano bwana harusi akampenda mwingine. Hiyo hiari ya kanisani siku ya ndoa inafanana sana na ile ya mwanafalsafa Hume ya 1748, unafanya unachotaka na hakuna minyororo, basi uko huru, hata kama kutaka kwenyewe kuna sababu zake. Mwingine akisimama darasani akasema hiyo haitoshi, lazima ningeweza kufanya kinyume, anadai kitu kingine kabisa. Wote wawili wanasema hiari, na mtabishana mpaka chakula kiishe kantini.

Kuna mfano wa mwanafalsafa Locke mimi naupenda kuliko yote. Mtu amelala fofofo, wanambeba wanamweka kwenye chumba alimo mtu aliyekuwa anatamani sana kumwona, wanafunga mlango kwa nje. Anaamka, anafurahi, wanapiga stori, hana mpango wa kutoka. Anakaa kwa kupenda kwake? Ndiyo. Angeweza kutoka? Hawezi. Kaeni na huo mfano kabla hamjaenda kwa mwanafalsafa Harry Frankfurt na makala yake ya 1969, maana yeye anasukuma mlemle, kwamba mtu anaweza kuwajibika kwa alichofanya hata kama asingeweza kufanya vingine. Mkianzia kwa Frankfurt mtaona ni mazingaombwe.

La Mungu kujua yote ndo linaleta kelele zaidi: kama anajua tayari nitakachofanya kesho, hiari yangu iko wapi? Tumekulia kwenye misiba ya "Mungu alishapanga", kwa hiyo kujua na kupanga kwetu ni kitu kimoja. Boethius, mwanafalsafa Mkristo wa Roma, aliliandika hili akiwa kifungoni anasubiri kuuawa, kama mwaka 524 hivi. Jibu lake ni kama hivi: mimi nikiwa ghorofani nakuona unavuka barabara, ni lazima unavuka, maana nakuona, ila macho yangu hayajakusukuma. Na Mungu kwake hakuna kesho, anaona vyote kwa mara moja. Jibu zuri, ila msilibebeshe mzigo usio wake. Linasaidia kwenye kujua, ukifika Warumi 9 kwa mfinyanzi na udongo limekuishia mkononi, maana mfinyanzi hajakaa ghorofani anaangalia.

Angalieni na miaka pia. Augustino alianza kuandika juu ya hiari mwaka 388 akiwabishia Wamanikea waliosema uovu una asili yake yenyewe, kwa hiyo humo hiari inapigiwa debe sana. Baadaye akaja kugombana na Pelagio, aliyefundisha kwamba mtu anaweza kutenda mema kwa nguvu ya hiari yake mwenyewe, na uzeeni, 426 au 427 hivi, akipitia upya vitabu vyake analalamika kwamba wafuasi wa Pelagio wanamnukuu kitabu chake cha zamani dhidi yake mwenyewe. Nimesahihisha kazi za mwaka wa kwanza zenye nukuu ya Augustino wa mwanzo na wa mwisho kwenye aya moja kana kwamba kaandika jioni moja!

Na mkikwama kwenye diskasheni msiite mtu mzushi haraka. Molina, mtawa wa shirika la Wajesuiti, alitoa kitabu chake 1588 cha kupatanisha neema na hiari, watawa wa shirika la Wadominiko wakamjia juu, kesi ikafika Roma, vikao juu ya vikao, na mwaka 1607 Papa Paulo V akaifunga bila kutoa mshindi, akawaambia kila upande uendelee kufundisha ila marufuku kuitana wazushi. Nyie mmebishana tangu saa mbili usiku, nendeni mkalale, kesho kuna kipindi saa moja asubuhi.